Mwenye Mali Amelala

Mwishoni mwa Juni 2011, watu waliotumwa na mahakama waliteremka chini ya hekalu la Sree Padmanabhaswamy, katika mji wa Thiruvananthapuram, kusini kabisa mwa India. Walikuwa na orodha ya vyumba vya hazina vilivyopewa majina ya herufi, A mpaka F. Vingine vilikuwa vikifunguliwa kila mara kwa ajili ya vyombo vya ibada, kwa hiyo havikuwa na maajabu. Ila A kilikuwa kimekaa miaka mingi bila kuguswa. Walipokifungua, habari zikavuja siku hiyo hiyo: mikufu ya dhahabu mirefu kuliko mtu, magunia ya sarafu za zamani, sanamu, mataji, almasi na zumaridi. Magazeti yakaanza kubahatisha thamani. Yakafika rupia laki moja mara milioni kumi, yaani trilioni moja. (Neno "laki" lenyewe tulilipata kwa hao hao Wahindi, pamoja na hesabu zao za dukani.)

Dunia nzima ikashika hapo kwenye dhahabu. Mimi, ndugu msomaji, dhahabu hainishughulishi sana, maana siwezi hata kuifikiria. Kilichonishika ni swali ambalo mahakama ilikuwa imeulizwa kabla ya mlango kufunguliwa: hii mali ni ya nani?

Hebu tazama waliokuwa wamepanga foleni. Kuna familia ya wafalme wa zamani wa Travancore, ambao hawana ufalme tena. Kuna serikali ya jimbo la Kerala. Kuna waumini. Kuna chombo cha wadhamini kilichoundwa na mfalme wa mwisho. Na ndani kabisa, gizani, kwenye mwanga wa taa za mafuta, yupo mungu Vishnu, amelala chali juu ya nyoka Ananta. Sanamu yake ni ndefu kiasi kwamba humwoni kwa mlango mmoja. Milango ni mitatu: mmoja unaona kichwa, mmoja kitovu, mmoja miguu. Huyo aliyelala ndiye mwenye mali. Simaanishi kwa imani tu, namaanisha kwa sheria.

Najua hapo msomaji utasema huyu kaanza hadithi zake. Subiri.

Sisi huku tunalijua neno wakfu. Mtu akitoa nyumba au shamba kuwa wakfu, mali hiyo haiuzwi, hairithiwi, imetoka mikononi mwa watu. Sheria ya Kihindu ilikwenda kwa njia yake nyingine. Mali ikitolewa kwa mungu wa hekalu, mungu mwenyewe anahesabiwa kuwa mtu mbele ya mahakama. Anaweza kumiliki ardhi, anaweza kushitaki, anaweza kushitakiwa. Tatizo ni kwamba hawezi kusaini wala kusema, basi sheria ikamfananisha na mtoto mdogo, tena mtoto ambaye hatakua milele. Na mtoto lazima awe na mlezi. Mlezi huyo wanamwita shebaiti. Anamlisha, anamvika, anamwamsha asubuhi na kumlaza usiku, na mali yake anaitunza. Lakini si yake.

Majaji wa Kiingereza waliikuta sheria hiyo wakaihangaikia kweli kweli. Mwaka 1925 kesi ya ukoo wa Mullick wa Calcutta ilifika mpaka Baraza la Mfalme kule London, baraza lile lile ambalo rufaa za Afrika Mashariki pia zilikuwa zikiishia wakati wa ukoloni. Ukoo huo ulikuwa na sanamu moja ya ibada, na ndugu walikuwa wakipokezana zamu za kuihudumia. Ugomvi ukawa: mwenye zamu anaweza kuihamishia nyumbani kwake? Ungetegemea wazee wa London waseme ni kitu, kama kabati, gaweni. Wakakataa. Walisema sanamu ile si bidhaa ya kubebwabebwa, bali ina utashi wake kuhusu mahali inapokaa, na utashi huo lazima uheshimiwe. Wakaagiza kesi irudi, na mungu apewe mtu wa kumsemea, mtu ambaye hana maslahi katika ugomvi wa ndugu.

Hayo maneno ya mwisho ndiyo ninayotaka uyashike. Mtu wa kumsemea asiye na maslahi. Atapatikana wapi mtu huyo?

Turudi Travancore, na turudi nyuma mpaka miaka ya 1700.

Wakati huo mfalme wa nchi ile alikuwa mfalme jina. Hekalu lilikuwa mikononi mwa baraza lililoitwa la Nane na Nusu. Wanane walikuwa wakubwa wa hekalu, kila mmoja na kura yake, na hiyo nusu ndiyo kura ya mfalme. Nusu kura! Mashamba ya hekalu yalikuwa chini ya mabwana wa nyumba nane, ambao walikuwa na askari wao na jeuri yao. Mwaka 1729 akashika ufalme kijana mmoja aitwaye Marthanda Varma. Huyo hakuwa mtu wa nusu kura. Aliwaponda mabwana wale, akachukua falme ndogo za jirani moja baada ya nyingine, na mwaka 1741 akawapiga Waholanzi pale Colachel, tena akamteka ofisa wao De Lannoy na kumfanya mkufunzi wa jeshi lake. (Kwa wale wenzangu wanaoota kuandika riwaya: maisha ya kijana huyu ndiyo yaliyozaa riwaya ya kwanza ya kihistoria katika lugha ya Kimalayalam, iliyotoka mwaka 1891. Wenzetu hawakungoja.)

Halafu Januari 1750 akafanya jambo ambalo hakuna aliyelitegemea. Alikwenda hekaluni akaweka upanga wake mbele ya mungu, akautoa ufalme wote kwake: ardhi, mali, cheo. Akauchukua tena upanga si kama mfalme bali kama mtumishi. Tangu siku hiyo yeye na waliomfuata waliitwa Padmanabha Dasa, mtumishi wa Padmanabha. Nchi ikawa ya mungu, na wao wakawa wasimamizi wake.

Ilikuwa ibada au ilikuwa siasa? Nadhani zote mbili, na sioni haja ya kuchagua. Mtu aliyetoka kunyang'anya falme za wenzake alihitaji haki ambayo upanga hauwezi kuitoa. Kuanzia hapo, kumwasi mfalme kulikuwa kumwasi mungu. Ukimdai shamba lako, unamdai Vishnu. Ujanja wa hali ya juu, lakini ujanja wenye mtego ndani yake, kwa sababu aliyejiita mtumishi hawezi baadaye kugeuka akasema mimi ndiye mwenye nyumba. Mtego ule ulikaa miaka mia mbili na sitini na moja kabla ya kumnasa mtu.

Uhuru wa India ulikuja 1947, na falme zikaanza kumezwa na taifa jipya. Mwaka 1949 mfalme wa mwisho wa Travancore, Chithira Thirunal Balarama Varma, alitia saini mkataba wa kuunganisha nchi yake na Cochin. Mahekalu mengine yakawekwa chini ya bodi. Hekalu hili moja likaachwa: mkataba ulisema usimamizi wake utabaki kwa "Mtawala wa Travancore". Neno lenyewe ndilo hilo, Mtawala. Mwaka uliofuata likaingizwa pia kwenye sheria. Mwaka 1971 katiba ya India ikarekebishwa, vyeo vyote vya wafalme na posho zao vikafutwa. Chithira Thirunal akaendelea kulisimamia hekalu, na hakuna aliyemgusa. Watu walimheshimu mzee yule. Ndiye aliyetoa tangazo la Novemba 1936 la kufungua milango ya mahekalu kwa Wahindu wa matabaka yote, hata wale waliokuwa wakihesabiwa najisi.

Akafariki mwaka 1991. Mdogo wake, Uthradom Thirunal Marthanda Varma, akashika nafasi yake hekaluni kama mila inavyotaka. Habari zake moja imenikaa kichwani. Inasimuliwa kwamba kila alipotoka hekaluni alikuwa akikung'uta mchanga miguuni, asije akaondoka na chembe ya mali ya Padmanabha. Na siku akikosa kwenda kumwona mungu, alitozwa faini.

Basi mwaka 2007 yakazuka maneno mjini kwamba familia inaziita hazina za hekaluni mali yake. Waumini wakaenda mahakamani. Mmoja wao alikuwa T. P. Sundararajan, ofisa wa zamani wa polisi aliyekuwa mwanasheria, mzee aliyeishi karibu na hekalu na ambaye hakukosa ibada. Huyu hakuwa mtu wa kuchukia dini, kama wengi walivyodhani. Alikuwa mcha mungu aliyeona kwamba mungu wake anahitaji mkaguzi wa hesabu.

Hoja iliyopiga ilikuwa nyepesi ajabu. Mkataba unasema Mtawala. Je, Mtawala yuko wapi? Aliyetia saini amekufa. Vyeo vilifutwa 1971. Mdogo mtu anaweza kurithi saa na koti la kaka yake, lakini hawezi kurithi cheo ambacho katiba imekifuta. Mahakama Kuu ya Kerala ilikubali. Katika hukumu ya 31 Januari 2011 iliiagiza serikali ya jimbo iunde chombo cha kuendesha hekalu, hazina zihesabiwe, na vitu vya thamani viwekwe kwenye makumbusho watu wavione.

Familia ikakata rufaa Mahakama ya Juu, kule Delhi. Mahakama hiyo ikasimamisha sehemu ya hukumu lakini ikataka hesabu ya hazina ifanyike. Ndiyo maana watu wale waliteremka chini mwezi Juni. Sundararajan aliiona milango ikifunguliwa, na mwezi uliofuata akafariki. Mjini watu wakanong'ona kwamba mungu amekasirika. Ni mzee wa miaka sabini, jamani. Wazee hufa.

Mnong'ono huo ndio uliokuza jina la chumba B. Hicho hakikufunguliwa. Familia na makuhani walisema ni kitakatifu, kukigusa ni kuita balaa, na hadithi za mlango wenye nyoka zikaenea mpaka nje ya India. Nilipozisoma mara ya kwanza, nakiri, nilianza kupanga riwaya. Kisha nikasoma kwamba Vinod Rai, mkaguzi mkuu wa zamani wa hesabu za serikali ya India aliyepewa kazi na mahakama, alieleza katika ripoti yake kwamba chumba B kilikwisha kufunguliwa mara saba, mwaka 1990 na mwaka 2002. Familia ilijibu kwamba kilichofunguliwa ni ukumbi wa mbele tu, siyo chumba chenyewe. Riwaya yangu ikafa hapo hapo, na nadhani ilistahili kufa. Kabla yake, mwaka 2014, wakili Gopal Subramanium, aliyeteuliwa kuwa rafiki wa mahakama, alikuwa ameleta ripoti iliyoeleza kasoro nzito katika utunzaji wa vitu vya hekalu na kutaka ukaguzi wa hesabu za miaka mingi. Hivyo tuna vitu viwili kwa pamoja: mtu anayekung'uta mchanga miguuni, na daftari zisizolingana. Sioni kimoja kinafuta kingine. Unaweza kuwa mnyofu na ukawa msimamizi mbovu.

Rufaa ilichukua miaka tisa. Uthradom Thirunal alifariki Desemba 2013, na nafasi ikapita kwa mpwa wake, kwa kuwa ukoo huo unafuata upande wa mama. Hukumu ikasomwa 13 Julai 2020, na jaji aliyeiandika, U. U. Lalit, akaligeuza lile neno Mtawala upande wa pili.

Kwa Mahakama ya Juu, kazi ya kumlea mungu haikuwa imetokana na kiti cha enzi. Ilikuwapo kwa mila, ndani ya familia. Kiti kikivunjwa, kazi inabaki. Mtawala anayetajwa kwenye mkataba na sheria ni yule anayeifuata nafasi hiyo kwa mila za ukoo, na kifo cha mtu mmoja mwaka 1991 hakikuzima haki ya ulezi. Familia ikabaki shebaiti.

Lakini tazama walivyoshinda! Walishinda kwa kushika hoja kwamba mali si yao. Mahakamani familia ilisema wazi kwamba hazina ni za mungu na kwamba wao wanadai ulezi tu, na mahakama ikalijenga shauri juu ya kauli hiyo. Aliyeweka upanga chini mwaka 1750 aliwashindia wajukuu wake kesi, na papo hapo akawafungia mlango. Na hata ulezi wenyewe haukubaki mtupu. Hekalu likawekewa kamati ya uendeshaji inayoongozwa na jaji wa wilaya, yenye wajumbe kutoka kwa familia, serikali ya jimbo, serikali kuu na kuhani mkuu, pamoja na kamati ya ushauri chini ya jaji mstaafu. Suala la kukifungua chumba B likaachiwa kamati hizo. Na hesabu za miaka 25 zikaguliwe.

Hapo sasa ndipo wadhamini walipojitokeza.

Mwaka 1965 Chithira Thirunal alikuwa ameunda chombo cha wadhamini chenye jina la hekalu. Mkaguzi alipotaka kuona hesabu zake, wadhamini wakasema la. Wao ni wa familia, waliundwa kwa ajili ya ibada na shughuli za familia ndani ya hekalu, hawana mkono katika uendeshaji. Wakaenda Delhi kuomba waondolewe kwenye ukaguzi. Kamati ya hekalu ikasimama upande wa pili na hesabu yake ya aibu: hekalu linatumia rupia milioni 12 na nusu kwa mwezi, na linapata milioni sita au saba. Mwenye trilioni moja chini ya sakafu alikuwa hana mishahara ya wafanyakazi wake. Janga la korona lilikuwa limefunga milango, sadaka zimekauka, na hazina haiguswi. Kamati ikataka wadhamini wachangie na wafungue vitabu.

Fikiria hali hiyo. Hekalu linawashitaki wadhamini wenye jina la hekalu, wote wawili wakisema wanamtumikia mungu mmoja. Tarehe 22 Septemba 2021 Mahakama ya Juu iliwakatalia wadhamini: ukaguzi ulikusudiwa kugusa hekalu na chombo chao pia, na ukamilishwe ndani ya miezi mitatu ikiwezekana. Ombi lao la pili, kwamba watambuliwe kuwa chombo huru nje ya mamlaka ya kamati, mahakama haikuliamua. Ilisema hilo linahitaji ushahidi, walipeleke mahakama inayohusika.

Nimezisoma habari za kesi hizi kwa muda mrefu, nikihesabu waliosema kwa niaba ya mungu: wafalme, mawaziri, makuhani, mawakili wa pande zote, polisi mstaafu. Kila mmoja alikuja na utashi wa mungu mkononi, na kila mmoja utashi huo ulifanana naye. Kuna kundi moja ambalo sikuliona kwenye orodha ya pande za kesi. Travancore ilikuwa nchi ya mungu, na kodi zilitozwa na watumishi wake. Watu wa matabaka ya chini, Waezhava, Wanadar na wengine, walitozwa kodi ya kichwa na kodi nyingine ndogondogo za kila aina mpaka karne ya 19. Hawakuruhusiwa kukanyaga ua wa hekalu mpaka Novemba 1936. Hakuna anayeweza kutenganisha sarafu zao na za mfanyabiashara au za mfalme katika magunia yale, maana dhahabu haina jasho la kuonekana. Sheria inasema aliyetoa kwa mungu ametoa, mali imetoka mikononi mwake. Sawa. Ila yule ambaye hakutoa, bali alitozwa?

Wajukuu wa watu hao leo wanaingia kwa mlango ule ule kama wengine. Wanapanga foleni alfajiri, wanaume wamejifunga mundu nyeupe vifua wazi, wanawake wamevaa sari. Wanapita mlango wa kichwa, mlango wa kitovu, mlango wa miguu. Wanaacha noti mbili tatu kwenye sanduku la sadaka, nazo zinaingia kwenye hesabu ya kamati.